Namna ya kupinga uhamisho wa kazi serikalini Zanzibar: mwongozo kwa mtumishi wa umma

Barua ya uhamisho kwa kawaida haizidi ukurasa mmoja. Inataja jina lako, namba ya jalada lako, kituo unachotoka, kituo unachokwenda na tarehe ya kuripoti, na sababu, ikiwa imetajwa, huwa ni maneno manne tu: "kwa manufaa ya kazi". Wengi wanaoipokea hufanya moja kati ya mambo mawili. Wapo wanaoifungia kabatini wakabaki walipo, wakitumaini kuwa itasahauliwa, na wapo wanaokimbilia kwa mkubwa wanayemfahamu ili aimalize kwa simu. Njia zote mbili humdhuru mtumishi mwenye haki, kwa sababu ya kwanza humgeuza kuwa mtoro kazini na ya pili humnyima karatasi yoyote ya kuonesha baadaye.

Ni vyema mtumishi aelewe mapema kwamba Serikali, ikiwa ni mwajiri, ina uwezo wa kumhamisha. Hakuna aliyeajiriwa Wete kwa ahadi ya kustaafu Wete. Kwa hiyo Tume ya Utumishi au Mahkama haitakuuliza kama uhamisho umekuumiza, maana uhamisho karibu wote unaumiza. Itauliza ni nani aliyeutoa, aliutoa kwa sababu gani, na je, alipita njia iliyowekwa na sheria. Majibu ya maswali hayo hutoka kwenye karatasi, na karatasi hizo hukusanywa siku za mwanzo au hazikusanywi tena. Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili ya siku hizo za mwanzo zaidi kuliko kwa ajili ya siku ya hukumu.

Jua kwanza wewe ni mtumishi wa Serikali ipi

Hapa Zanzibar Serikali ni mbili, na kosa la kwanza ninaloliona ni mtu kusoma mwongozo ulioandikwa Dodoma akidhani unamhusu. Mwalimu wa skuli ya Serikali, muuguzi wa hospitali ya Serikali, afisa wa kilimo na karani wa wizara yoyote ya Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar wanasimamiwa na Sheria ya Utumishi wa Umma Nam. 2 ya 2011 ya Zanzibar pamoja na kanuni zilizotungwa chini yake. Afisa wa Uhamiaji, askari polisi, au mfanyakazi wa TRA aliyepangiwa Malindi au Chake Chake ni mtumishi wa taasisi ya Muungano, hata kama amezaliwa Mchangani na hajawahi kulala Bara. Utumishi katika Serikali ya Jamhuri ya Muungano ni jambo la Muungano, na ngazi zake za malalamiko ni nyingine kabisa. Kwa watumishi wa umma wa upande huo, marekebisho ya sheria ya mwaka 2016 yaliweka wazi kwamba mtumishi amalize kwanza ngazi za ndani za utumishi kabla ya kukimbilia kwenye vyombo vya migogoro ya kazi.

Ndani ya Serikali ya Mapinduzi nako kuna mafungu. Watumishi wa kawaida wa wizara na idara wapo chini ya Tume ya Utumishi Serikalini. Wafanyakazi wa Mahkama wana tume yao, na walio katika Idara Maalum, kama KMKM, JKU, Zimamoto na Chuo cha Mafunzo, wana tume yao na sheria zao zenye nidhamu ya kijeshi, ambako neno "uhamisho" lina uzito mwingine. Mamlaka na mashirika ya Serikali yana bodi. Aliyeteuliwa na Rais katika nafasi yake anasimama mahali tofauti tena, kwa kuwa uteuzi wake unaweza kutenguliwa na aliyemteua, na sehemu kubwa ya mwongozo huu haitamsaidia.

Chukua barua yako ya ajira uisome. Aliyekuajiri ametajwa humo, na mara nyingi kifungu cha kwanza cha shauri lako kimo humo pia, kwa sababu barua nyingi za ajira zinasema mtumishi anaweza kupangiwa kazi popote Unguja na Pemba. Ikiwa barua yako inasema hivyo, usipoteze nguvu kudai kwamba hukuajiriwa kwenda kisiwa kingine.

Ipokee barua kwa namna itakayoacha alama

Nilipokuwa nikifanya kazi ya usaidizi wa sheria Pemba, alinijia mwalimu wa skuli ya msingi na barua yake ndani ya bahasha ya kaki iliyokwisha kulegea pembe. Barua ilikuwa na tarehe 3. Ilimtaka aripoti kituo kipya tarehe 10. Yeye aliipata tarehe 19, alipoitwa na mwalimu mkuu wakati wa mapumziko, yaani tayari alikuwa amechelewa siku tisa kabla hajajua kuwa amehamishwa. Aliweka saini kwenye daftari la kupokelea barua kama alivyoambiwa, lakini hakuandika tarehe, na hakuna aliyemwambia aiandike. Miezi ilipopita na mshahara wake ulipozuiwa kwa utoro, daftari lilionesha saini yake tu, na afisi iliyomwajiri ikashikilia kuwa barua ilimfikia siku moja baada ya kuandikwa. Ilibidi kumtafuta karani aliyeibeba barua ile kutoka Chake Chake, ambaye kwa bahati alikuwa mtu muungwana, akaandika maelezo yake na kuyatia saini. Bila ya karani yule, mwalimu angepoteza kazi kwa kukosa kuandika tarakimu mbili.

Kwa hiyo, unapotia saini kwenye daftari, andika kando yake kwa mkono wako: "Nimepokea leo", kisha tarehe kamili na saa. Andika maneno hayo hayo nyuma ya nakala yako, na utunze bahasha. Saini ya kupokea si saini ya kukubali, na hakuna sababu ya kukataa kupokea. Anayekataa huandikiwa kuwa amekaidi, na barua huhesabiwa kuwa imemfikia.

Siku hizi orodha za uhamisho hupita kwenye makundi ya WhatsApp kabla ya barua. Orodha ya namna hiyo si barua. Iweke, kwa kuwa inaweza kuonesha nani alijua na lini, lakini usihame kwa sababu ya orodha na usiipinge orodha. Mwandikie mkuu wako umuulize kama ipo barua rasmi, naye akujibu kwa maandishi.

Isome barua kama wakili atakavyoisoma

Kaa na barua mahali penye utulivu, uiangalie kuanzia chini kwenda juu. Chini kabisa ipo saini. Je, aliyetia saini ndiye aliyepewa uwezo wa kuhamisha mtumishi wa ngazi yako, au ametia saini kwa niaba ya mwingine? Herufi tatu ndogo, "kny", ambazo makarani huziandika kwa kalamu mbele ya cheo cha Katibu Mkuu, zina maana kwamba aliyetia saini anatumia uwezo usiokuwa wake. Jambo hilo linaruhusiwa pale ambapo mwenye uwezo amekasimu kwa njia inayokubalika. Lisiporuhusiwa, barua nzima inaweza kuanguka, kwa kuwa aliyekasimiwa madaraka kwa kawaida hawezi kuyakasimu tena kwa mwingine. Kwa waliopo Pemba swali hili linahitaji uangalifu zaidi, kwa sababu wizara nyingi huwakilishwa huko na Afisa Mdhamini, ambaye ana madaraka mengi ya kila siku lakini si lazima awe na yote. Tangu baadhi ya huduma za elimu ya msingi, afya na kilimo zilipoanza kupelekwa kwenye serikali za mitaa mwaka 2017, wapo watumishi waliojikuta na wakubwa wawili, mmoja wa wizara na mmoja wa baraza, na barua ya mmoja wao ikapingana na ya mwengine. Anayejikuta hapo aulize kwa maandishi nani mwajiri wake kwa mujibu wa jalada.

Kisha angalia sababu. Kama barua haina sababu yoyote, omba upewe. Kuna hukumu ya Mahakama Kuu ya Tanzania iliyochapishwa katika ripoti za sheria za mwaka 1994, shauri la James Gwagilo dhidi ya Mwanasheria Mkuu, ambapo mtumishi alistaafishwa kwa manufaa ya umma bila ya kuelezwa manufaa hayo ni yepi, na Mahakama ikasema maamuzi ya namna ile yanapaswa kutolewa sababu. Hukumu hiyo ilihusu kustaafishwa na haikuhusu uhamisho, na ni ya Bara, kwa hivyo haimfungi Jaji wa Zanzibar. Lakini hoja yake ni nzito na inasomeka vizuri mbele ya Mahkama yoyote.

Angalia pia cheo na mshahara. Ukihamishwa kutoka mwalimu mkuu kwenda mwalimu wa kawaida, au kutoka mkuu wa kitengo kwenda meza isiyokuwa na kazi, huo si uhamisho mtupu. Ni kushushwa cheo, na kushushwa cheo kuna utaratibu wake wa nidhamu unaoanza na tuhuma za maandishi na nafasi ya kujitetea.

Ripoti kazini, na ulalamike ukiwa kazini

Sehemu hii ndiyo inayowauma watu wengi, nami naelewa kwa nini. Mtu anaona kwamba akiripoti amekubali. Lakini barua ya uhamisho ina nguvu mpaka itenguliwe na mwenye uwezo wa kuitengua, na mtumishi asiyeripoti hutoa kwa mkono wake mwenyewe sababu halali ya kumchukulia hatua, hata kama uhamisho wenyewe ulikuwa batili. Nimeona mashauri mawili yaliyokuwa na hoja nzuri sana juu ya uhamisho yakifa kwa sababu yaligeuka kuwa mashauri ya utoro. Ripoti, na siku hiyo hiyo uandike barua inayofanana na hii:

"YAH: KURIPOTI KITUO KIPYA CHA KAZI BILA YA KUATHIRI HAKI YA KULALAMIKA. Tafadhali husika na mada ya hapo juu. Nimeipokea barua yako yenye kumbukumbu namba … ya tarehe … mnamo tarehe …, saa …. Leo nimeripoti katika kituo nilichoelekezwa kwa kutii maelekezo hayo. Kuripoti kwangu kusichukuliwe kuwa nimeukubali uhamisho huo, kwa kuwa nimewasilisha lalamiko dhidi yake, ambalo nakala yake nimeiambatisha, na naomba lisikilizwe."

Ichapishe nakala tatu. Moja ipeleke kwa aliyekuandikia, moja kwa mkuu wa kituo kipya, na ya tatu igongwe muhuri wa masjala wenye tarehe kisha ubaki nayo. Kama masjala inasita kugonga muhuri, muombe karani aandike jina lake na tarehe. Akikataa hilo nalo, itume kwa njia ya posta kwa rejista na utunze stakabadhi.

Anayeumwa, mjamzito aliyekaribia kujifungua, au mwenye mgonjwa asiyeweza kuachwa hapaswi kuripoti kimya kimya wala kubaki kimya kimya. Aandike kuomba muda na aambatanishe cheti cha daktari. Huo ni ulinzi bora kuliko simu kumi.

Tenganisha ombi na lalamiko

Watu huandika barua moja yenye kila kitu: mume yupo Mkoani, watoto wanasoma Mtoni, mama anaumwa miguu, mkuu wa kitengo ananichukia, na barua haikutiwa saini na Katibu Mkuu. Barua ya namna hiyo humpa mkubwa nafasi ya kujibu lile jepesi na kuliacha zito. Mambo ya nyumbani ni ya kweli, na yana mahali pake, lakini mahali pake ni katika ombi: unaomba mwajiri atumie busara yake abadilishe uamuzi halali. Lalamiko ni kitu kingine. Ndani yake unasema uamuzi huo haukuwa halali. Ziandike mbali mbali, kwa tarehe mbali mbali ikiwezekana, na katika lalamiko usitie neno "naomba huruma" hata mara moja.

Tofauti hii imewekwa wazi sana na mahkama za India, ambazo Zanzibar tunazisoma kwa sababu sheria yetu ya mwenendo wa madai imetokana na ile ya India. Katika shauri la Shilpi Bose na serikali ya jimbo la Bihar, lililoripotiwa mwaka 1991, Mahkama ya Juu ya India ilishughulikia uhamisho wa walimu wanawake waliopelekwa karibu na vituo vya waume zao, huku waliowapisha wakipinga. Mahkama ilisema haitaingilia uhamisho isipokuwa umevunja kanuni ya lazima ya sheria au umetolewa kwa nia mbaya. Kila nchi iliyorithi sheria za Kiingereza inasema karibu hivyo hivyo, na mtumishi wa Zanzibar ajiandae kukutana na msimamo huo.

Sababu zinazosimama

Mwaka 1984, katika shauri la vyama vya watumishi wa serikali ya Uingereza, Lord Diplock alizipanga sababu za kupinga uamuzi wa serikali katika mafungu matatu: kuvunja sheria, kukosa mantiki kupita kiasi, na kukosea utaratibu. Mpangilio huo bado unatumika kotekote Afrika Mashariki. Kuhusu sheria na utaratibu nimekwisha kugusia saini, madaraka na cheo. Kukosa mantiki ni vigumu kukuthibitisha, nami nisingemshauri mtu akutegemee peke yake, isipokuwa kwa mambo ya wazi kabisa, kama kumpeleka mwalimu wa fizikia kwenye skuli isiyofundisha fizikia wakati kituo anachotoka hakina mwalimu mwengine wa somo hilo.

Sababu ninayoiona yenye nguvu kuliko zote, na inayotokea mara nyingi kuliko inavyosemwa, ni uhamisho uliotumiwa kuwa adhabu. Mtumishi amekataa kutia saini hati ya malipo ya vifaa ambavyo havikufika. Baada ya wiki mbili amehamishwa. Mwengine amesema kwenye kikao kwamba posho za wenzake hazijalipwa. Mwengine ameandikiwa barua isiyokuwa na jina kwamba anauza dawa za hospitali, hakuitwa wala hakuulizwa, na badala ya uchunguzi ikaja barua ya uhamisho "kwa manufaa ya kazi". Hilo la mwisho linafanana sana na shauri la Somesh Tiwari lililoripotiwa mwaka 2009, ambapo Mahkama ya Juu ya India iliutengua uhamisho uliotokana na lalamiko lisilokuwa na jina ambalo halikuthibitika, ikisema kwamba uhamisho uliotolewa badala ya adhabu una nia mbaya kisheria hata kama aliyeutoa hakuwa na chuki binafsi. Adhabu ikijificha ndani ya uhamisho, haki ya kusikilizwa inakuja nayo. Katiba ya Zanzibar ya 1984, katika kifungu cha 12, inampa kila mtu usawa mbele ya sheria na haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki zake zinapoamuliwa, na mtumishi anayeonesha kuwa aliadhibiwa bila ya kusikilizwa anasimama juu ya msingi huo.

Ili uthibitishe nia, usiandike juu ya tabia ya mkubwa wako, andika tarehe. Tengeneza karatasi moja yenye safu mbili, upande mmoja tukio na upande mwengine tarehe na karatasi inayolithibitisha: siku ya kikao na muhutasari wake, siku ya barua yako, siku ya uhamisho, siku aliyeletwa mwengine kushika nafasi yako na je, ana sifa gani. Ikiwa katika mwaka mmoja umehamishwa mara tatu na wenzako wa kada yako hawakuguswa, karatasi hiyo itasema zaidi ya kurasa ishirini za malalamiko.

Kifungu hicho hicho cha 12 kinakataza ubaguzi, pamoja na ubaguzi wa maoni ya kisiasa. Kila Mzanzibari anajua kwa nini nalitaja hili, na anayeamini kwamba amehamishwa kwa ajili ya chama anachodhaniwa kuwa nacho alitaje wazi, lakini alitaje kwa ushahidi wa waliohamishwa na wasiohamishwa, si kwa hisia. Kiongozi wa chama cha wafanyakazi aliyehamishwa katikati ya mazungumzo na mwajiri naye ana hoja ya peke yake, na inafaa chama chake, iwe ZATU kwa walimu au ZAPSWU kwa wengine, kiandike barua kwa jina la chama.

Kama kuna mtu amekutaka pesa ili akuondoe kwenye orodha, usilitie hilo ndani ya lalamiko la uhamisho peke yake. Lipeleke ZAECA, yaani mamlaka ya kuzuia rushwa ya Zanzibar, na utaje katika lalamiko kwamba umelipeleka.

Panda ngazi kwa mpangilio

Lalamiko huanza kwa aliyekuhamisha au aliye juu yake moja kwa moja: Mkurugenzi wa Uendeshaji na Utumishi, Katibu Mkuu, na kwa Pemba kupitia kwa Afisa Mdhamini. Likikataliwa au likikaa bila ya jibu, linakwenda Tume ya Utumishi inayokuhusu, na juu ya tume ipo Kamisheni ya Utumishi wa Umma. Kila ngazi ipe barua mpya inayotaja kumbukumbu namba ya barua zilizopita, na kila ukipita muda wa kutosha bila ya jibu andika ukumbusho mmoja mfupi. Ukumbusho huo ni wa lazima, kwa sababu Jaji atakuuliza kama ulimaliza njia za ndani, na kimya cha afisi hakitahesabika kuwa jibu mpaka uoneshe kwamba uliugonga mlango.

Usikae. Kila kanuni ya malalamiko na kila sheria ya mashauri ina hesabu ya siku, na mtu aliyepokea mshahara miezi mingi katika kituo kipya bila ya kunung'unika kwa maandishi huonekana ameridhika. Miongozo ya Bara hutaja miezi sita ya kuomba ruhusa ya mapitio ya kimahkama, yaani kuiomba Mahkama iangalie uhalali wa uamuzi wa Serikali, chini ya kanuni za mwaka 2014 za huko. Usiichukue miezi hiyo kuwa yako. Mtu makini hufika kwa mwanasheria ndani ya wiki mbili.

Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora nayo hupokea malalamiko kuhusu utendaji wa Serikali zote mbili, na haitozi ada. Haina nguvu ya Mahkama, lakini barua yake ya kuuliza hufungua majalada ambayo mtumishi peke yake hayafungui.

Kutafuta msaada

Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar kinafanya kazi tangu 1992 Unguja na Pemba, na Sheria ya Msaada wa Kisheria Nam. 13 ya 2018 imewapa nafasi rasmi wasaidizi wa sheria waliopo mawilayani. Msaidizi wa sheria atakusaidia kuandika na kupanga; kusimama Mahkama Kuu ni kazi ya wakili. Nenda na barua ya ajira, barua ya uhamisho pamoja na bahasha yake, ile karatasi ya tarehe, na nakala zote zenye muhuri. Muulize swali moja mwanzo kabisa: je, shauri hili ni la mapitio ya kimahkama, ni la kikatiba, au ni la mgogoro wa kazi? Anayekosea mlango hupoteza mwaka mzima na kurudishwa kwa pingamizi la awali kabla hoja zake hazijasikilizwa.

Mahkamani

Mashauri ya namna hii husikilizwa na Mahkama Kuu ya Zanzibar, iliyopo Tunguu, na kwa walio Pemba masjala yake ipo Chake Chake. Serikali hushtakiwa kupitia kwa Mwanasheria Mkuu wa Zanzibar, na sheria ya mashauri dhidi ya Serikali inataka apewe notisi kwanza. Muda wa notisi hiyo uhesabiwe na wakili pamoja na muda wa kufungua shauri, ili kimoja kisimeze kingine.

Katika mapitio ya kimahkama ushahidi wako ni kiapo cha maandishi na viambatisho. Hakuna nafasi ya kusimama kizimbani ukaeleza lile ulilolisahau. Kila sentensi ya kiapo iwe na karatasi nyuma yake, na ulilolisikia kwa mwengine lisemwe kuwa umelisikia na kwa nani. Unaweza kuomba amri ya kuutengua uhamisho, amri ya kuilazimisha afisi kusikiliza lalamiko lako, au amri ya kuizuia kuchukua hatua zaidi. Zuio la muda dhidi ya Serikali halitolewi kirahisi, hivyo jiandae kisaikolojia na kifedha kuendelea kufanya kazi kituo kipya wakati shauri linaendelea.

Ni haki kumwambia mtumishi mapema kile anachoweza kushinda. Uhamisho ukitenguliwa kwa kasoro ya utaratibu, mwajiri anaweza kuandika barua nyengine iliyotiwa saini na mtu sahihi, na ukahama. Ukitenguliwa kwa sababu ya nia mbaya au ubaguzi, ni vigumu zaidi kwake kurudia. Ndiyo maana nimekaa sana kwenye karatasi ya tarehe.

Madai ya fedha ni jambo jengine, na mara nyingi ndiyo madai mepesi kuliko yote. Mtumishi anayehamishwa kwa maelekezo ya mwajiri ana stahiki za nauli, kusafirisha mizigo na kujikimu kwa mujibu wa kanuni, na anayehamishwa kwa ombi lake mwenyewe kwa kawaida hana. Kwa hiyo usikubali barua yako iandikwe kuwa umeomba uhamisho kama hukuomba, hata ukiambiwa kwamba itaharakisha. Tunza tiketi za boti za familia nzima, risiti ya gari ya mizigo hadi bandarini na kutoka Mkoani, na mkataba wa nyumba ya kupanga. Yadai haya kwa barua ya peke yake ndani ya mwezi wa kwanza, hata kama unaupinga uhamisho wenyewe.

Usiporidhika na uamuzi wa Mahkama Kuu, rufaa huenda Mahakama ya Rufani ya Tanzania, ambayo hufanya vikao vyake Zanzibar pia; lakini shauri lililoamuliwa juu ya tafsiri ya Katiba ya Zanzibar huishia Mahkama Kuu. Wakili azingatie hilo tangu anapochagua namna ya kuliandika ombi.

Ukishinda, usingoje afisi isikie kwa watu. Omba nakala iliyothibitishwa ya amri kwa Mrajis, ipeleke mwenyewe kwenye masjala ya mwajiri pamoja na barua ya kueleza tarehe utakayoripoti kituo chako cha awali, peleka nakala kwa Mwanasheria Mkuu, na ugonge muhuri kwenye nakala yako. Siku uliyoitaja, fika kabla ya saa moja na nusu asubuhi, utie saini daftari la mahudhurio, na uandike tarehe.